Noti Milioni za Chiriku

Kila siku akitoka shule, Chiriku alianzia karakanani kwa baba yake kabla ya kwenda popote. Baba alikuwa fundi sofa, na karakana yake ilikuwa upande wa mbele wa nyumba, kwa hiyo mtu hakuweza kufika jikoni bila kupenya katikati ya viti vilivyovuliwa vitambaa na kubaki mbao tupu. Kazi ya Chiriku ilikuwa kung'oa pini kwenye sofa kuukuu kwa bisibisi bapa na koleo, nusu saa tu. Pini zote alizitia kwenye kopo la rangi. Mikono ilifanya kazi yake na mdomo ukafanya yake, maana hakuitwa Chiriku bure. Jina lake la kwenye daftari la mahudhurio walilitumia walimu peke yao, tena wakiwa wamekasirika.

"Baba, unajua kuna watu wametengeneza wimbo mmoja wenye noti milioni kumi?"

"Sijui," alisema baba, pini tatu zikiwa zimebanwa midomoni. "Wanaupiga na vidole vingapi?"

"Haupigwi na mtu. Unapigwa na kompyuta. Mtu hawezi, hata akikopa vidole vya ukoo mzima."

Baba alicheka mpaka pini moja ikamdondoka. Nusu saa ilipokwisha, Chiriku alinawa mikono na kukimbilia sebuleni, ambako kulikuwa na kompyuta kuukuu aliyoundiwa na binamu yake, fundi simu, kutokana na mabaki ya kompyuta tatu zilizokufa. Kitufe chake kimoja kilikuwa chekundu wakati vingine vyote ni vyeusi. Ilichukua dakika nne kuwaka. Chiriku aliipenda kama vile ni ndugu yake.

Binamu huyo huyo ndiye aliyemwonyesha muziki wenyewe. Chini ya skrini huchorwa kinanda, na kutoka juu huanguka vijistari vya rangi, kimoja kwa kila noti. Kijistari kikigusa kinanda, sauti inatoka. Wimbo wa kawaida una noti elfu moja au mbili. Lakini wapenzi wa muziki huu hawaishii hapo. Huongeza noti juu ya noti, maelfu kwa maelfu, mpaka skrini inafunikwa kama mvua ya masika imeshuka kwa rangi zote. Wenyewe huuita muziki mweusi, kwa sababu ukijaribu kuuandika kwenye karatasi, noti zinasongamana mpaka karatasi inakuwa nyeusi tii. Kwenye pembe ya skrini kuna namba inayohesabu noti zote. Namba hiyo ndiyo fahari yao. Wakikutana, kabla hata ya kuulizana hali, huulizana, "Wako una ngapi?"

Wa Chiriku ulikuwa na elfu sitini na tatu. Ulikuwa umemchukua miezi minne. Ulianza na kijisauti ambacho bibi yake alipenda kukivumisha puani akikunja nguo, kisha ukakua, ukazaa, ukajaa nyumba. Bibi mwenyewe hakukitambua.

"Mjukuu wangu," alisema siku moja akiwa mlangoni na kapu la nguo, "huo ni wimbo, au kuna mtu amemwaga maharage kwenye sinia?"

"Ni wimbo, bibi. Sikiliza vizuri, wewe umo humo ndani."

Bibi alisikiliza, kichwa upande. "Kama nimo," alisema, "basi natafuta mlango wa kutokea."

Shuleni, Chiriku hakuwa peke yake. Klabu ya kompyuta ilikuwa na wanachama kumi na wanane na kompyuta nane nzima, na tangu alipoleta muziki huu, karibu wote walikuwa wameambukizwa. Rafiki yake wa chanda na pete alikuwa msichana wa darasa lake waliyemwita Taratibu. Taratibu hakuwa na haraka na kitu chochote duniani. Akiulizwa swali, alilitazama kwanza kama mtu anayepima kina cha maji. Nyumbani kwao hapakuwa na kompyuta, kwa hiyo alichora wimbo wake kwenye daftari la hesabu, kisanduku kwa kisanduku, kisha akauingiza kwenye kompyuta ya shule jioni mbili kwa wiki. Alikuwa amefikisha noti elfu arobaini na moja.

Jumatatu moja mwalimu wa kompyuta aliingia na barua mkononi. Chuo cha ufundi cha mji kilikuwa kinaandaa maonyesho ya kazi za wanafunzi, na kila shule ingepeleka kazi moja tu.

"Ijumaa tutasikiliza kazi za wote wanaotaka," alisema, "na nyinyi wenyewe mtapiga kura. Nataka kazi iliyofanywa na mtu, si iliyookotwa kwenye mtandao. Tumeelewana?"

"Ndiyo, mwalimu."

Alipotoka tu, chumba kikawa soko. Mmoja alisema amesikia shule ya ng'ambo ya barabara kuu ina mwanafunzi mwenye wimbo wa noti laki tano. Mwingine akaapa ni laki sita. Macho yote yakamgeukia Chiriku, kwa kuwa yeye ndiye aliyeleta mchezo.

"Laki sita si kitu," alisema Chiriku. "Ijumaa nawaletea milioni."

Mdomo ulikuwa umeitangulia akili, na haikuwa mara ya kwanza. Lakini darasa lilikwisha kupiga makofi. Taratibu peke yake hakupiga. Alimtazama tu, kisha akamnong'oneza, "Kwa siku nne?"

"Utaona."

Jioni ile Chiriku alikaa mbele ya kompyuta akiwa na ari ya kufa kupona. Alibonyeza mpaka kidole kikamuuma. Aliponyanyua macho, alikuwa ameongeza noti mia tatu na kumi, na nusu yake zilikuwa mbaya. Akazifuta zote. Jumanne alifanya hesabu pembeni mwa daftari: kwa mwendo ule angefikisha milioni akiwa ameshaolewa na kupata wajukuu.

Jumatano aligundua njia. Alichagua kipande cha mwisho cha wimbo wake, noti elfu moja, akakinakili, kisha akakibandika pale pale, juu yake chenyewe. Skrini haikubadilika. Vijistari vipya vilijificha nyuma ya vile vya zamani kama kadi kwenye bunda. Lakini namba ya pembeni iliruka. Elfu moja zilikuwa elfu mbili. Akanakili zote mbili na kubandika tena: elfu nne. Kisha nane. Kisha kumi na sita. Mara ya kumi kompyuta ilinguruma kama gari linalopanda mlima, na kipande kile kikawa na noti milioni moja na elfu ishirini na nne. Ukijumlisha na zile nyingine, wimbo wote ulikuwa na milioni moja na elfu themanini na sita. Kazi yote ilichukua dakika saba.

Aliucheza. Ulikuwa ule ule, ila ulipofika mwisho, sauti ilikwaruza, picha ikaganda, kisha ikaruka.

"Leo mbona kama unakohoa?" aliuliza bibi kutoka jikoni.

"Umekua, bibi," alisema Chiriku, akazima kompyuta.

Alijiambia kwamba kunakili si dhambi. Binamu yake alinakili, na wapenzi wote wa muziki huu walinakili. Lakini wao walinakili kipande wakakipeleka mahali pengine, wakakigeuza, wakakipandisha, kikafanya kazi mpya. Zake zilikuwa zimelala tu moja juu ya nyingine, hazifanyi lolote ila kuhesabiwa. Hilo alilijua vizuri, ndiyo maana hakumwambia mtu.

Ijumaa chumba cha kompyuta kilijaa mpaka madirishani. Chiriku alikuwa amepoteza flashi yake, kwa hiyo alileta wimbo kwenye flashi ya bluu aliyoazima kwa Taratibu.

Taratibu alitangulia. Wimbo wake ulianza na noti chache, tone, tone, tone. Kisha vijistari vikaanza kupanga mstari, na watu waliokaa nyuma wakasimama kuona vizuri. Vilikuwa vinachora picha. Mwavuli ulishuka taratibu kutoka juu ya skrini, mvua ikashuka nyuma yake, na sauti nayo ilikuwa sauti ya mvua hasa. Mwisho mwavuli ukapasuka, ukawa ndege mia moja wanaoruka kila upande.

"Ngapi?" aliuliza mtu.

"Elfu arobaini na moja, mia sita na kumi na mbili," alisema Taratibu.

"Aa," walisema, na wakakaa.

Kisha ikaja zamu ya Chiriku. Namba ilipotokea kwenye pembe ya skrini, darasa liliguna kwa pamoja. Wimbo ulikwenda kwa kishindo, na ulipofika mwisho kompyuta iliganda, ikakwaruza, ikanyamaza sekunde kumi na moja. Badala ya kumcheka, wenzake walishangilia.

"Mpaka mashine imeshika kiuno," alisema mmoja, na wengine wakavunjika mbavu.

Mwalimu alitabasamu. "Hizi zote umeziweka wewe mwenyewe?"

Chiriku aliitazama namba kwenye pembe ya skrini. "Zote, mwalimu."

Kura zilikuwa kumi na sita kwa mbili. Ya Chiriku ilikuwa moja kati ya zile kumi na sita.

Wiki iliyofuata Chiriku alitembea shuleni kama mwenye nyumba. Wadogo wa darasa la nne walimwonyesha kidole na kusema, "Yule ndiye milioni." Utamu huo ulidumu mpaka Jumatano, mwalimu alipowaita yeye na Taratibu baada ya vipindi.

"Nimepigiwa simu na fundi wa sauti wa chuo," alisema. "Wimbo wako unakwama kule kule mwisho, hata kwenye mashine yao, na mashine yao ni kubwa mara tano ya hizi zetu. Anasema huenda faili limeharibika. Ulilileta kwa flashi ya nani?"

"Ya Taratibu, mwalimu," alisema Chiriku. Lilikuwa neno la kweli, lakini halikuwa lote.

Mwalimu alimgeukia Taratibu. "Basi flashi yako ina kirusi. Nipe niikague, na mpaka nitakapomaliza usitumie kompyuta yoyote humu. Siwezi kuhatarisha nane zote."

Taratibu aliitazama flashi yake ya bluu iliyofungwa kamba ya kiatu. Kazi yake yote ilikuwa humo. "Mwalimu, haina tatizo," alisema kwa sauti ya chini. "Wimbo wangu umo humo humo na haukwami."

"Tutaona. Lete."

Aliitoa. Kisha akamtazama Chiriku, akingoja. Chiriku, ambaye hakuwahi kukosa la kusema tangu aanze kusema, aliangalia viatu vyake. Walipotoka nje Taratibu hakumgombeza. Alisema tu, "Mimi leo napitia njia ya sokoni," ingawa kwao hakukuwa upande wa sokoni.

Chiriku alifika nyumbani bila kusema na mtu. Karakanani palikuwa na sofa kubwa ya kijani, ya mwalimu mmoja mstaafu aliyekaa jirani. Alikuwa ameinunua mjini mwaka jana tu, na tayari ilikuwa imebonyea katikati kama ngalawa.

"Umekuja wakati mzuri," alisema baba. "Tuivue hii."

Waling'oa pini kimya. Baba alimtupia jicho mara mbili, maana ukimya ule haukuwa wa kawaida, lakini hakuuliza. Kitambaa kilipotoka, Chiriku aliona tabaka jembamba la sponji, jembamba kama mkate uliokatwa na mtu bahili. Chini yake hakukuwa na sponji. Kulikuwa na katoni zilizokunjwa, magazeti, matambara yenye grisi, na soksi moja ya mtoto.

Baba aliiokota soksi, akaigeuza. Hakukasirika. Alionekana kama mtu aliyetajiwa habari za ndugu aliyemwaibisha.

"Kwa nini fundi aliyeitengeneza afanye hivi?" aliuliza Chiriku. "Si angejua itabonyea?"

"Alijua. Lakini siku ya kuuza ilikuwa nono, ukiikalia inakupokea vizuri. Alijua mnunuzi hatachungulia ndani." Baba aliitupa soksi kwenye rundo la taka. "Kinachoniudhi ni kwamba yule mama mwalimu alipoileta hapa aliniambia, 'Fundi, samahani, nadhani mimi ndiye niliyeiharibu, wajukuu zangu wanarukaruka sana.' Miezi yote hiyo amekuwa akiwafokea watoto wa watu bure."

Chiriku aliweka koleo chini. Machozi yalimjia bila hodi.

"Baba, mimi nimelipua kazi," alisema. "Na Taratibu ndiye anayefokewa."

Alimweleza yote, kutoka milioni ya mdomoni mpaka flashi ya bluu. Baba alikaa juu ya mkono wa sofa na kusikiliza bila kumkatiza. Alipomaliza, Chiriku alisubiri karipio.

"Nani unadhani anastahili kulisikia hili kabla yangu?" aliuliza baba.

"Taratibu."

"Basi mbona bado umekaa?"

Kwa kina Taratibu kulikuwa ghorofa ya tatu, juu ya duka la vifaa vya ujenzi. Chiriku alipanda ngazi mbili mbili, akafika akihema. Taratibu alikuwa amekaa mlangoni na daftari la hesabu magotini, akihesabu visanduku.

"Flashi yako haina kirusi," alisema Chiriku kabla hata ya salamu. "Tatizo ni wimbo wangu. Noti milioni na elfu ishirini na tatu ni za uongo. Zimepandana. Nilijua, na nikanyamaza ulipokuwa ukinitazama."

Taratibu alilitazama neno hilo kwa muda mrefu, kama kawaida yake. Chini barabarani mtu alikuwa anapakia mabomba kwenye mkokoteni, na yaligongana mara nyingi kabla hajajibu.

"Nilijua," alisema hatimaye.

"Tangu lini?"

"Tangu Ijumaa. Niliona hakuna kijistari kipya hata kimoja. Nilidhani utasema mwenyewe." Alifunga daftari. "Iliniuma zaidi ya kura."

"Umekasirika?"

"Sana. Nadhani nitakuwa nimekasirika mpaka kesho mchana."

Chiriku alipangusa pua kwa mkono wa shati. Alitaka kucheka na kulia kwa pamoja, na kikatoka kitu cha katikati kama chafya. Taratibu alijitahidi asicheke, akashindwa.

Asubuhi walikwenda wote wawili kwa mwalimu kabla ya kengele. Chiriku alifungua wimbo, akachagua noti ya kwanza ya kipande cha mwisho, akaifuta. Ilibaki pale pale. Akaifuta tena. Bado ipo. Mwalimu aliinama karibu na skrini.

"Ziko ngapi hapo?"

"Elfu moja na ishirini na nne, mwalimu. Kwa kila moja. Nilikudanganya. Na flashi haina kosa, wala mwenyewe hana kosa."

Mwalimu alivua miwani akakaa. Kwa muda alionekana amechoka. "Na mimi nina langu," alisema. "Nilihukumu flashi kabla ya kufungua faili. Taratibu, nisamehe. Chukua." Flashi ilikuwa mezani pake tangu jana, haijakaguliwa. Kisha akamgeukia Chiriku. "Wimbo wako hautakwenda. Na kipindi cha klabu cha leo utawaeleza wenzako kwa nini. Mimi sitakusaidia hata neno moja."

Chiriku alikuwa amezoea kusema mbele za watu, lakini siku ile dakika mbili zilikuwa ndefu kuliko likizo. Alisema alichofanya, jinsi alivyofanya, na kwamba flashi ya Taratibu ilikuwa safi. Mtu mmoja wa nyuma alisema, "Milioni feki," na wengine wakacheka. Chiriku aliona masikio yanawaka moto, lakini alibaki amesimama mpaka mwisho. Kisha mwalimu akaucheza tena wimbo wa Taratibu ili wapige kura upya. Safari hii mwavuli ulipopasuka na kuwa ndege, hakuna aliyeuliza namba, na wimbo wake ndio uliochaguliwa.

Ilibaki shida moja. Kila kazi kwenye maonyesho ilitakiwa ielezwe na mtu mbele ya wageni, na Taratibu alisema afadhali apande ngazi za ghorofa ya tatu kwa mikono.

"Chagua wa kukusemea," alisema mwalimu.

Taratibu alitafakari. Klabu nzima ilingoja.

"Chiriku," alisema. "Ila asiongeze chumvi."

Jumamosi ukumbi wa chuo ulijaa wazazi, walimu na wanafunzi wa shule kumi na moja. Kulikuwa na pampu ya maji inayotumia jua, kiti cha magurudumu kilichoundwa kwa baiskeli, na kuku wa mbao anayetembea. Baba alikuja na vumbi la sponji nyweleni. Bibi alikuja na kitambaa cha pamba tayari kwa kuziba masikio. Fundi wa sauti, mama mmoja mrefu mwenye sauti ndogo kuliko ya mtoto, alipunguza taa na kuwasha spika.

Chiriku alieleza jinsi noti zinavyoanguka na jinsi wimbo wote ulivyochorwa kwanza kwenye daftari la hesabu, kisanduku kwa kisanduku, na mtu asiye na kompyuta nyumbani. Aliinua daftari lenyewe watu walione. Kisha akanyamaza na kuiachia mvua inyeshe. Ndege walipotawanyika, bibi alikuwa amesahau kuziba masikio.

"Kuna noti ngapi hapo?" aliuliza mzee mmoja wa mstari wa mbele.

"Elfu arobaini na moja, mia sita na kumi na mbili," alisema Chiriku. "Na katika hizo, mzee wangu, yangu haimo hata moja. Mwenyewe ni yule pale anayejificha nyuma ya nguzo."

Ukumbi ulicheka na kupiga makofi, na Taratibu akalazimika kutoka nyuma ya nguzo. Walipata nafasi ya tatu. Ya kwanza ilikwenda kwa kiti cha magurudumu, na hata Chiriku alikiri ilikuwa haki yake. Lakini watu walipoanza kutoka, fundi wa sauti aliwaita wasichana wale wawili kando ya meza yake ya mitambo. Mwalimu na baba walisimama nyuma yao.

"Wimbo wa kwanza mlioniletea ulinisumbua siku mbili," alisema kwa ile sauti yake ndogo. "Juzi mwalimu wenu alinipigia akanieleza. Ni wewe?"

"Ni mimi," alisema Chiriku. "Samahani sana, mama."

"Niliukata ule mwisho, nikausikiliza uliobaki. Elfu sitini na mbili zilizobaki ni nzuri. Kuna kijisauti cha mtu anayevumisha puani, kinaingia na kutoka katikati ya zogo lote. Hicho umekitoa wapi?"

Chiriku alimwonyesha bibi, aliyekuwa akibishana na mwenye kuku wa mbao.

"Basi nikwambie jambo ambalo nimelijifunza kwa miaka ishirini ya kusikiliza," alisema fundi. "Ulikuwa na kazi nzuri mkononi ukaiona ndogo, kwa sababu uliipima kwa macho ya watu. Ukaifunika kwa uongo, na uongo huo ndio uliofanya mashine ishindwe kuicheza. Kisha uongo haukukaa peke yake, ukahitaji mtu wa kulaumiwa, na aliyekuwa karibu ni rafiki yako. Huwa ni hivyo. Fanya kazi yako kwa kadiri unavyoweza, useme ni kiasi gani, basi. Kama ni kidogo, kesho utaongeza. Na kidogo hicho kikiwa cha kweli, mtu anaweza kukusaidia kukiongeza."

Chiriku aliitikia kwa kichwa.

"Chumba chetu cha sauti kiko wazi kila Jumamosi asubuhi," alisema fundi. "Kuna kompyuta mbili nzuri zinakaa bure. Njooni wote wawili. Wewe wa taratibu utamfundisha mwenzako kuchora kabla ya kubonyeza, na yeye atakufundisha kusema na watu bila kutafuta nguzo."

Taratibu alilitafakari hilo. Baba alikohoa. Mwalimu aliangalia saa.

"Tutakuja," alisema Taratibu. "Saa ngapi?"